Isipungue Mbili, Isizidi Nane

4 Februari

Mdogo wangu, Kalamu Nyekundu,

Kitabu nimekipokea. Nimekisoma hadi ukurasa wa hamsini na sita, halafu nikakifunga kwa hasira. Eti "namba fulani ikijumlishwa na tatu ni kubwa kuliko saba." Namba fulani ya nani? Inakaa wapi? Mimi nina miaka arobaini na mitatu, sina muda wa kutafuta namba zilizopotea kwa uzembe wa wenyewe.

Kwa hiyo nakuambia mapema tusije tukakosana: maswali nitayatunga mwenyewe, kutoka humu ninamoishi, na wewe utasahihisha. Umenikataza kukutumia picha kwa simu kwa sababu mtihani haufanywi kwa simu. Sawa, Mwalimu, nimekubali. Ndiyo maana karani wa posta ameanza kuniuliza kama nimepata mchumba.

Bwana Koti amesema tena. Unamkumbuka, mkuu wa stoo yetu ya dawa, yule anayevaa koti siku ya wageni tu. Bila kufaulu hesabu, anasema, siwezi kuthibitishwa kuwa mtunza chumba cha baridi. Miaka tisa funguo ninazo mimi. Chati ya joto naitunza mimi. Chanjo za watoto wa mkoa mzima nazilinda mimi, lakini kwenye karatasi zao bado ni mfagizi. Haya basi, mwaka huu naufanya huo mtihani, hata kama nitakaa dawati moja na wajukuu za watu. Fomu ya mtihani inataka mdhamini, na Koti ameahidi kutia saini katikati ya Machi.

Swali langu la kwanza. Jirani yangu fundi cherehani anashona sketi za sare. Kiuno kisipungue sentimita 70, sketi isije ikadondoka mbele za watu, wala kisizidi 76, isije ikapasuka mtu akishiba. Kiuno nimekiita k. Jibu langu:

k ≥ 70 au k ≤ 76

Weka vema yako hapo na usinichoshe.

Dada yako,
Mama Barafu

12 Februari

Dada yangu,

Shikamoo. Naandika nimekaa upande, tumbo linafika mezani kabla yangu. Daktari anasema wiki moja au mbili.

Jibu lako ni kosa, na msalaba nimeuweka mkubwa kwa makusudi. Alama za kubwa kuliko na ndogo kuliko umezipatia. Kilichokuangusha ni "au". Ukisema "au", sharti moja likitimia linatosha. Pipa la maji lina kiuno cha sentimita mia mbili. Mia mbili si zaidi ya 70? Ni zaidi. Basi kwa hesabu yako pipa limevaa sketi na limepita mtihani.

"Na" haina huruma, dada. "Na" inataka yote mawili kwa pamoja: isiwe chini ya huku, na isiwe juu ya kule. Ukishaelewa hivyo unaweza kuziandika kwa mkupuo mmoja, k ikae katikati kama mtoto kati ya wazazi wake: 70 ≤ k ≤ 76.

Sheria ya darasa langu unaijua. Aliyekosa anafanya masahihisho mara tatu kwa mkono wake, awe mwanafunzi, awe dada. Na wewe ndiye uliyenifundisha kutokuwa na upendeleo, kwa hiyo usininunie.

Mdogo wako,
Kalamu Nyekundu

20 Februari

Mwalimu mkali,

70 ≤ k ≤ 76
70 ≤ k ≤ 76
70 ≤ k ≤ 76

Ya tatu mwandiko umepinda kwa sababu nilikuwa nacheka. Nilimsomea fundi habari ya pipa ndani ya sketi, akacheka mpaka akajichoma sindano.

Umeshajifungua? Nijulishe, jamani, roho yangu iko juu.

Swali la pili. Getini kwenye bustani ya mji kuna ubao: kuingia bure kwa asiyefika miaka 5 au aliyepita 60. Nimeandika m < 5 au m > 60. Hapa "au" nimeiweka kwa akili zangu timamu, maana hakuna binadamu aliye chini ya mitano na juu ya sitini kwa wakati mmoja. Bwana Koti anakaribia, akili za upande mmoja na magoti ya upande wa pili, lakini hata yeye hajafika.

Swali la tatu nimelitunga kwa uangalifu, lisome vizuri. Kuna chumba fulani cha kuhifadhia dawa. Joto lake, j, lisipungue nyuzi 2 wala lisizidi 8. Jumamosi moja msimamizi wa chumba aliogopa joto la nje, akazungusha kitufe cha ubaridi hadi mwisho, akaenda zake nyumbani. Jumapili kutwa joto lilikuwa nyuzi 3 chini ya sifuri. Jumatatu msimamizi akasema: "Halikuzidi nane, kwa hiyo dawa ni salama. Baridi haijawahi kuozesha kitu." Andika sharti kamili la chumba hicho, kisha useme kama msimamizi yuko sawa.

Mimi jibu langu ninalo. Nataka kuona la kwako kwanza.

Dada yako

1 Machi

Dada,

Umekuwa mama mkubwa! Msichana, alizaliwa siku ileile uliyoandika barua yako, mashavu yamejaa mpaka macho hayaonekani. Tunamwita Kibonge. Naandika amelala mapajani mwangu, usishangae mistari ikitetemeka.

Swali la pili umepata zote. La tatu, lo! Dada, hili ni swali zuri kuliko yote yaliyomo kitabuni. Jibu:

2 ≤ j ≤ 8

Joto lilikuwa −3. Sharti la "lisizidi 8" limetimia. Sharti la "lisipungue 2" limevunjika. Palipo na "na", moja likivunjika yote yamevunjika. Msimamizi amekosa, na msalaba wake nimeuchora hadi karatasi imetoboka. Amechukua nusu ya sentensi akaifanya sentensi nzima. Mtu anayejua nusu ya sharti na kujiamini ni hatari kuliko asiyejua kabisa, maana huyo wa pili angalau huuliza.

Ningekuwa naye darasani ningemkalisha chini afanye masahihisho mara tatu. Na ningekuwa mtunza chumba hicho nisingeandika kwenye chati ila kile kipimajoto kilichosema, hata aje nani.

Nikirudi kazini nitawapa wanafunzi wangu swali hili. Hadithi umeitoa wapi?

Kalamu Nyekundu

8 Machi

Mdogo wangu, mama Kibonge,

Hongera, hongera, hongera. Nimelia pale posta, karani akadhani mchumba kaniacha.

Hadithi sikuitoa popote. Niliikuta kazini Jumatatu, tarehe 19 Februari: nilifungua chumba changu, nikakuta barafu kwenye kuta. Chati inachorwa na mashine yenyewe, kalamu ndogo juu ya karatasi ya mviringo, na mstari wa Jumapili ulikuwa umeshuka chini ya sifuri ukatulia huko kama mtu aliyelala. Aliyezungusha kitufe ni Bwana Koti. Aliniambia mwenyewe, tena kwa kujisifu, eti ameniokolea dawa zangu.

Nikamwambia chanjo hizi haziruhusiwi kuganda. Akaniambia, "Mfagizi, mimi nina shahada." Basi nikafanya jaribio la kutikisa tulilofundishwa na wakaguzi wa afya mwaka juzi. Nilichukua kichupa kimoja kwenye sanduku la 41. Kingine cha toleo lilelile nilikigandisha makusudi kikawa jiwe, nikakiacha kiyeyuke. Nikavitikisa vyote viwili pamoja, nikavisimamisha mezani nikavitazama kwa nusu saa. Vyote vilifanya namna moja: chengachenga nyeupe chini, maji matupu juu. Kichupa kizima hakitulii haraka namna hiyo. Dawa imekufa, mdogo wangu.

Nilimwonyesha. Alivitazama, akavitia mfukoni, akafunga mlango. Anataka nijaze chati mpya kwa mkono: nne, nne, tano, nne. Nitie saini kabla ya tarehe 15, siku masanduku yanaposafirishwa kwenda vituoni. Nikitia, na yeye siku hiyohiyo anatia saini fomu yangu ya mtihani na barua ya kunithibitisha. Nisipotia, anasema, nitafute mahali pengine pa kufagia.

Sikukwambia mwanzoni kwa sababu nilitaka jibu la mwalimu, si jibu la mdogo wangu. Nimelipata. Nimelibandika ukutani juu ya kitanda.

Dada yako

13 Machi

Dada yangu mpenzi,

Tia saini.

Nimeandika barua hii mara nne nikaichana, kwa hiyo naiweka fupi. Nilijibu swali la daftari, sikujibu swali la maisha yako. Darasa ni darasa, kazi ni kazi. Huko nje hakuna anayepita na kalamu nyekundu kusahihisha wakubwa. Umengoja miaka tisa. Cheti kiko mlangoni, na wewe unataka kukipiga teke kwa ajili ya nyuzi tatu?

Chanjo iliyoganda si sumu, nimeulizia. Haimdhuru mtoto. Inapoteza nguvu tu. Na nani atajua?

Mimi niko likizo ya uzazi, baba Kibonge kazi yake ni ya kubahatisha, nyumba unaijua. Ukimwaga unga huko, sina cha kukushika mkono. Naomba tu, dada yangu, mara moja hii, funga macho.

Mdogo wako

19 Machi

Wewe,

Nimekupigia simu mara sita tangu Jumamosi, hupokei. Najua unaona jina langu. Basi soma.

Barua yako ya tarehe 13 nakurudishia humu ndani. Utaona nimeiwekea msalaba. Sina kalamu nyekundu, nimetumia rangi ya midomo ya fundi cherehani, hata yeye anakusalimu na hafurahi. Kosa. Fanya masahihisho mara tatu.

Mkuki kwa nguruwe, kwa binadamu mchungu, siyo? Msimamizi alipokuwa wa hadithini ulimtoboa mpaka karatasi ikatoboka. Alipopata koti na kiti, ghafla "funga macho". Unaniambia inapoteza nguvu tu. Tu! Mama anaamka alfajiri, anambeba mtoto, anapanga foleni, mtoto anachomwa na kulia, mama anarudi nyumbani anajua mwanawe amekingwa. Kumbe kachomwa maji. Hamdanganyi mtu mmoja hapo, mnamdanganya kila mama aliyewahi kuamka mapema. Usinipake mafuta kwa mgongo wa chupa, mimi si mtoto.

Sikutia saini. Tarehe 15 aliniita mbele ya wenzangu wote, karatasi mezani, kalamu juu yake, fomu yangu ya mtihani pembeni kama chambo. Akasema, "Andika jina lako tu, mama, hesabu tumeshakufanyia." Nikaichukua kalamu. Nikaandika juu ya ile chati yake, kwa herufi kubwa mpaka mtu wa dirishani akaiona: 2 ≤ j ≤ 8. Chini yake nikaandika: j = −3. Nikamwambia, "Jina langu ni hilo." Aliichana. Nikacheka, maana chati ya kweli, ile ya mviringo, ilikuwa imekunjwa ndani ya blauzi yangu tangu asubuhi.

Alininyang'anya funguo palepale. Ndiyo, unga nimeumwaga, na sijutii hata punje. Jumatatu nilipanda basi hadi ofisi ya wakaguzi wa afya, nikawakabidhi ile chati mkononi. Wamesema watachunguza. "Watachunguza" ni neno refu.

Sasa sikiliza, hasira kando. Koti alimpata karani mmoja wa stoo akatia saini. Masanduku yameondoka. Sanduku la 41 limekuja kwenu. Sijui ni kituo gani huko, lakini najua Kibonge anatimiza wiki sita tarehe 2 Aprili. Usije ukaacha kumchanja! Nakujua, ukiogopa unakimbilia mwisho wa pili, na huko nako kuna mpaka. Nenda kabla, omba kuona namba ya sanduku. Kama ni 41, mwambie muuguzi atikise.

Masahihisho nayangoja.

Dada yako, asiye na kazi

6 Aprili

Dada,

Sikupokea simu kwa aibu. Nimeanza na hilo kwa sababu ndilo gumu kuliko mengine yote. Nilikaa na barua yako yenye rangi ya midomo siku nzima. Katika miaka kumi ya kalamu nyekundu, sijawahi kuandikiwa msalaba mimi. Unauma. Sasa najua kwa nini wanafunzi wangu hukunja madaftari.

Masahihisho.

Ya kwanza: Dada asitie saini.

Ya pili: Dada asitie saini, hata kama mdogo wake anaogopa.

Ya tatu sikuiandika. Jumatatu nilikwenda kituoni na Kibonge mgongoni, nikaomba kuona sanduku. Muuguzi, mama mmoja mwembamba mwenye miwani iliyofungwa kwa uzi, akanitazama. "Miaka kumi na moja niko hapa, hakuna aliyewahi kuniuliza swali hilo." Akafungua. Namba 41, dada.

Nikamwambia jaribio lako. Akasema analijua, walifundishwa, ila hawana wa kuwauliza wala wa kuwasikiliza. Akachukua kichupa kimoja akakigandisha.

Jumanne asubuhi foleni ilikuwa imezunguka jengo. Mkuu wa kituo akaja, akasema tuache maigizo, watu wana kazi za kufanya, na chati ya sanduku imetiwa saini, inaonyesha nne na tano. Akaniambia, "Wewe ni mwalimu, nenda kafundishe." Nikamwambia, "Ndicho nilichokuja kufanya." Nikapanda juu ya benchi, dada. Mimi, ninayetetemeka nikiitwa ofisini! Nikawaambia wale kina mama kwamba chanjo ni nzuri na watoto wote watachanjwa, lakini chanjo ina mipaka miwili, wa chini na wa juu, na hii huenda imevuka wa chini. Nikawaomba wangoje nusu saa waone kwa macho yao.

Nilidhani watanizomea. Mama mmoja mwenye mapacha akasema, "Nimeamka saa kumi, nusu saa itaniua?" Wakakaa. Muuguzi akatikisa vichupa viwili, akavisimamisha dirishani penye mwanga. Chenga zikashuka, kwanza hiki, na kile nyuma yake kidogo tu, maji matupu yakabaki juu. Yule mwenye mapacha akamgeukia mkuu wa kituo, akamuuliza, "Hayo ndiyo ulitaka kuwachoma wanangu?" Mkuu akatafuta simu yake kwenye mfuko ambao haikuwamo.

Sanduku limerudishwa. Muuguzi amepiga simu vituo vingine vinne, na viwili kati ya hivyo vilikuwa vimepokea masanduku ya safari hiyohiyo, navyo vimeyazuia. Sanduku lingine, la toleo jipya, lililetwa kituoni kwetu Ijumaa. Muuguzi aliikagua chati yake mbele yetu kabla hajafungua. Jana Kibonge kachomwa paja la kushoto, akapiga yowe mpaka miwani ya muuguzi ikaanguka. Nimefurahi kumsikia analia kuliko nilivyowahi kufurahia chochote.

Kitu kimoja. Mkuu wa kituo ni mjumbe wa bodi ya shule yangu. Nimeshapata barua ya kunitaka nijieleze. Nitajieleza, tena kwa mistari iliyonyooka.

Nisahihishe.

Mdogo wako

20 Aprili

Mdogo wangu, mpanda benchi,

Masahihisho nimeyaona. Ya kwanza vema. Ya pili vema. Ya tatu nimewasomea fundi cherehani na karani wa posta, na wote tumekupa mia kwa mia. Ile barua ya kujieleza, wakikusumbua, wajibu kama ulivyowajibu wale kina mama, na uniite nije nikae mstari wa mbele.

Wakaguzi walifika tarehe 10. Ripoti ya muuguzi wako iliwafikia siku mbili kabla, ndiyo iliyowaamsha, maana chati yangu walikuwa wameiweka chini ya bilauri ya chai. Waliniita. Bwana Koti alikuwa amevaa koti. Akawaambia, "Huyu ni mfagizi, hana cheti chochote cha hesabu." Mkaguzi mkuu, mwanamke, akanigeukia: "Ni kweli huna?" Nikamwambia ni kweli. Nikatoa daftari nililobandika masahihisho yako yote, hata yale ya ukutani, nikaliweka mezani. Alisoma la sketi, la bustani, akafika la chumba fulani. Akaona msalaba ulivyotoboa karatasi. Akamsogezea Koti kalamu akamwambia, "Andika sharti la chumba hiki." Koti akaandika j ≤ 8, akaweka kalamu chini, akangoja kusifiwa.

Amehamishwa, sijui wapi, nawaonea huruma huko. Mimi nimerudishiwa funguo. Kuthibitishwa bado, wanasema sheria ni sheria, cheti kwanza. Thubutu waone kama nitakata tamaa! Nimewaambia mwezi wa Novemba wataleta hiyo barua ya kunithibitisha wenyewe, mlangoni, na wavae viatu vya heshima.

Fomu ya mtihani haijatiwa saini. Koti alipoondoka mkaguzi alijitolea, nikamshukuru, nikakataa. Ulipoanza darasa la kwanza nilikuwa na miaka kumi na tisa, nimeacha shule mwaka mmoja kabla ili nikulee. Fomu yako ilikuwa na mstari umeandikwa "mzazi au mlezi". Nilikaa nao muda mrefu mstari ule, hesabu sikuzijua. Sasa nazijua. Palikuwa na "au", kwa hiyo mmoja alitosha, na huyo mmoja nilikuwa mimi.

Fomu yangu iko humu ndani ya bahasha. Mstari wa mdhamini uko chini kushoto. Wanataka wino mweusi, kwa hiyo azima kalamu kwa mtu. Tia saini, irudishe kabla ya mwisho wa mwezi, na umbusu Kibonge paja la kushoto.

Dada yako,
Mama Barafu